Kwa Nini Kobe Huzaliwa Mzee

Zamani, siku zilipokuwa hazijajifunza kufuatana, palikuwa na nchi iliyoitwa Hamahama. Mto wake uliweza kulala mbele ya mlango wako na kuamkia juu ya kilima. Ukipanda mtama asubuhi, huenda ukauvuna jioni, au huenda ukavunwa na wajukuu ambao bado hujawapata. Ukirusha jiwe juu, liliweza kumwangukia mtu jana. Watu wa huko walizoea. Jioni walifunga mbuzi kwa kamba ndefu, na asubuhi waliifuata kamba ili wajue malisho yamehamia wapi.

Kitu kimoja tu hawakukizoea, nacho ni miaka. Miaka iliwaangukia watu ovyo. Msichana mmoja aliyekuwa akijifunza kusuka ungo alilala akiwa mtoto, akaamka akiwa mke wa mtu, na ungo wake ukiwa nusu. Hakuna aliyemuuliza kama angependa kuumaliza.

Ndipo wazee wakakubaliana kupiga kura. Mawe madogo yalitiwa ndani ya kibuyu, meupe na meusi, na kila alfajiri kila nyumba ilichukua moja bila kuchungulia. Aliyepata jeupe hakuzeeka siku hiyo. Aliyepata jeusi alibeba miaka iliyoukwepa mkono wa mwenzake. Na ili pasiwe na manung'uniko, iliwekwa desturi: mwenye jiwe jeusi alipokee kwa mikono miwili na kusema, "Asante, mzee." Akishasema hivyo, miaka inamshika. Watu waliiona adabu nzuri sana. Aliyeipendekeza alikuwa mtunza kibuyu mwenyewe, Mzee Sekiete.

Sekiete alizaliwa kabla ya babu zao wote, lakini mashavu yake yalikuwa laini kama ya bwana harusi. Alitangulia kuchukua, kwa kuwa kibuyu kilikuwa chake. Baada yake walifuata ndugu zake, halafu watu wengine. Nyumba isiyo na mwanamume iliitwa mwisho kabisa.

Nyumba hiyo ilikuwa ya mjane aitwaye Nambike na binti yake Namkunda. Si zamani sana, Nambike alikuwa akicheza ngoma mpaka vumbi linapanda. Sasa mgongo ulikuwa umepinda, meno yamekwisha, na Namkunda ndiye aliyempondea viazi. Jiwe jeusi moja zaidi, na mama asingeamka tena. Wote wawili walilijua hilo na hawakulitaja. Mama alisema tu, "Kesho unishike mkono, mwanangu. Nisije nikaanguka mbele za watu."

Asubuhi iliyofuata Namkunda alimpeleka mama yake penye mkutano, wakasimama nyuma, wakangoja nyumba zote ziishe. Alipokuwa akingoja aliona nyuki wawili wametua kwenye vidole vya Sekiete. Mzee akawafukuza, wakahamia shingoni mwa kibuyu. Namkunda akajiuliza: kibuyu cha mawe kina nini cha kuwapa nyuki?

"Mzee," alisema, "mbona nyuki wanakufuata vidole?"

"Wanapenda watu watamu," Sekiete alijibu, na watu wakacheka.

"Basi ni mimi na mama tu tulio wachungu."

Shangazi yake akamvuta nguo. "Nyamaza, wewe mtoto. Utatutia aibu."

Zamu yao ikafika. Nambike aliingiza mkono, akautoa na jiwe jeusi. Alilitazama kidogo. Kisha akainua mkono wa pili ili apokee kwa heshima, akatabasamu, akafungua mdomo kushukuru. Tabasamu hilo ndilo lililomchoma Namkunda kuliko jiwe lenyewe. Mama yake alikuwa anakwenda kufa, na bado anajali asimuudhi mtu. Binti akamziba mdomo kwa kiganja.

"Usimshukuru, mama."

Nambike akausogeza mkono ule. "Ni desturi, mwanangu."

"Desturi ya nani?"

Swali hilo halikuwahi kuulizwa Hamahama. Watu walipokuwa bado wanaangaliana, Namkunda alikinyakua kibuyu akakipindua. Mawe meusi yakamwagika. Jeupe halikuanguka hata moja. Akakigonga juu ya mwamba mpaka kikafanya nyufa kila upande, na kwenye ufa wa shingoni kila mtu akaona: mawe meupe yalikuwa yamegandishwa kwa nta ya nyuki, pale kinapofika kidole cha anayejua pa kutafuta.

Sekiete hakuona haya. Alikasirika. "Miaka lazima imwendee mtu," alisema. "Tazameni, jua limesimama pale kilimani linangoja. Mama, shukuru, watu waende mashambani."

Nambike aliliweka jiwe chini bila kushukuru. Jua nalo lilisimama vilevile. Kisha mwanamke mmoja katikati ya watu, mwenye mvi, akasema, "Mimi naichukua tena asante yangu. Nilikuwa nasuka ungo." Mwingine akasema na yeye anaichukua yake. Wakaendelea hivyo hadi shangazi yake Namkunda, ambaye alisema kwa sauti ndogo, lakini alisema.

Basi miaka ikakosa wa kuipokea, ikarudi kwenye mkono ulioigawa. Yote aliyoikwepa Sekiete ilimwangukia pamoja. Shingo ikakunjamana, miguu ikapinda na kuwa mifupi, akaanguka kifudifudi. Kibuyu chenye nyufa kikamfunika mgongoni, na nta yake mwenyewe ikakigandisha hapo.

Namkunda akachuchumaa mbele yake. "Mama yangu alikukosea nini?"

Sekiete akavuta kichwa ndani.

Miaka ambayo watu walikuwa wamekwisha kuibeba haikuwatoka. Ilikuwa imeingia mifupani. Nambike hakupata tena meno yake, na hilo halijasameheka mpaka leo. Lakini hakufa asubuhi ile. Kesho yake ikaja, kisha kesho nyingine, na kila jioni Namkunda alimpondea viazi, wakala wakiongea polepole, kwa sababu siku haikuwa tena ya kunyang'anyana. Mwanamke mwenye mvi aliutafuta ungo wake, akaketi karibu nao, akaumaliza.

Na tangu siku hiyo mito hulala mahali pake, na siku huja moja moja kwa kila mtu, mwenye mume na mjane, mkubwa na mdogo. Tangu siku hiyo anayegawa huchukua mwisho, na aliyedhulumiwa hadaiwi asante. Kobe naye huzaliwa na makunyanzi, hubeba kibuyu chenye nyufa, na huishi miaka mingi kuliko anavyotaka. Ukimkaribia huvuta kichwa ndani. Si kwamba anaogopa utampiga. Anadhani umekuja kumuuliza lile swali, na jibu bado hana.