Kiboko Ambaye Hajazaliwa

Hadithi.

— Njoo.

Ije na nini?

— Ije na uongo.

Na ukweli je?

— Umebaki nyumbani, unaanika nguo.

Basi uacheni uanike, sisi tuendelee.

Hapo kale, kale ambayo hata kale yenyewe ilikuwa bado inanyonya, palikuwa na shamba la maboga kando ya mto. Wanyama wote walilima, wote walipalilia, wote walipiga madebe kufukuza ndege. Na desturi yao ilikuwa moja: siku ya mavuno, mkubwa kwa umri anaamkiwa shikamoo, halafu anakula kwanza mpaka atosheke. Wadogo wanasubiri.

Desturi nzuri kabisa. Tatizo lilikuwa Kiboko.

Nani mkubwa? Kiboko. Nani kasema? Kiboko. Nani atabisha? Kimya.

Enzi hizo hakuna aliyehesabu miaka. Kila mmoja alikumbuka tu, na Kiboko alikumbuka kwa sauti kubwa kuliko wote. Alidai kwamba mto ulipoletwa pale, yeye ndiye aliyeupokea. Basi kila mavuno alikuja, puu, puu, puu, akala boga hili, akala boga lile, akala na jani lililofunika boga. Akitosheka yeye, shamba limebaki udongo.

Sasa Bi Sange, kale kanyama kadogo kenye pua ndefu kama mrija, alikuwa na watoto saba shimoni na mbegu tatu za boga kwenye kibuyu. Mavuno hayo wakiyakosa, mvua ya masika itanyesha juu ya shimo tupu. Akakaa, akafikiri, pua ikicheza, twi, twi, twi. Jioni moja akaenda mtoni.

Akamwambia Kiboko kwamba ni aibu mkubwa kama yeye kukosa hesabu ya miaka yake. Akasema amebuni kalenda. Kila mnyama atakuwa na nyota. Nyota ikiondoka ilipo, ikazunguka mbingu na kurudi, mwenye nyota ametimiza mwaka. Hakutakuwa na ubishi tena, mbingu yenyewe itatoa ushahidi.

Kiboko akaona raha. "Na nyota yangu nachagua mwenyewe?"

"Wewe kwanza, babu. Sisi tutaokota zitakazobaki."

Kiboko akainua kichwa. Nyota ya kwanza akaikataa, inakimbia kama iliyotumwa chumvi. Ya pili akaikataa, inakonyeza watu. Ya tatu ilikuwa imekaa chini kule kaskazini, imetulia, haisogei hata unywele.

"Ile," akasema. "Ile ina heshima zake. Haihangaiki."

Bi Sange akasifu sana. Yeye akachukua kinyota kimoja cha jioni, chembamba, ambacho kila jua likizama kimesharudi mahali pake. Kiboko alicheka mpaka mto ukafurika. Akakanyaga matope kwa mguu mzima, puu, huo ukawa muhuri. Kalenda ikapita.

Siku ya mavuno ikafika. Mama Kanga, mwenye sauti ya kuamsha kijiji, akapewa kazi ya kutangaza umri. Akatangaza kwamba tangu Bi Sange azaliwe nyota yake imezunguka mara elfu moja na sabini, kwa hiyo Bi Sange ana miaka elfu moja na sabini. Tembo akapiga magoti, ardhi ikatikisika.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Umekua."

Kiboko akauliza yeye je.

"Nyota yako haijaondoka," akasema Mama Kanga. "Haijaondoka, basi haiwezi kurudi. Mwaka wako wa kwanza haujaanza."

"Maana yake nini?"

"Maana yake hujazaliwa."

Kiboko akasema yupo, mbona wanamwona. Bi Sange akawauliza wenzake kama kuna aliyesikia kitu. Wakasema labda upepo. Kiboko akapiga mguu chini, puu. Wakasema labda radi. Hapo akafungua kinywa chote, akaapa atawakanyaga mmoja mmoja, wao na maboga yao na nyota zao. Pua ya Bi Sange ikaacha kucheza. Watoto wake saba walikuwa mstari wa mbele.

"Mwiteni mama yake," akasema. "Mimba ni yake."

Sasa Kiboko hakuogopa kitu duniani, isipokuwa huyo. Mama akatoka mtoni, chubwi, chubwi, mzee wa meno mawili. Wakamweleza kalenda mwanzo hadi mwisho. Akamtazama mwanawe. Mavuno yote yale alirudi nyumbani anajilamba midomo, hakumletea mama yake hata mbegu.

"Ndiyo maana mgongo unaniuma," akasema mama. "Kumbe mimi ni mjamzito."

"Mama, mimi niko hapa."

"Nyamaza huko ndani. Unanipiga mateke."

Kila mtu anajua mjamzito hanyimwi anachokitamani. Akapewa maboga matatu, akala taratibu. Wengine nao wakala. Watoto wa Bi Sange wakala mpaka wakawa wanabingirika, huwezi kujua yupi mtoto na lipi boga.

Kiboko akauliza, kwa sauti ndogo ambayo hakuwahi kuitumia, fungu lake liko wapi.

Bi Sange akamjibu kwa upole. "Mtoto wa tumboni hula anachokula mama yake. Umeshakula, mjukuu. Umeshiba."

Kiboko akafikiri. Akajishika tumbo. Akacheua, bweee.

"Kumbe kweli," akasema, akamfuata mama yake mtoni.

Mpaka leo Kiboko hushinda majini, amezama, pua tu ndiyo iko juu. Watu husema anakimbia jua. Si kweli. Anasubiri kuzaliwa.

Na funzo lake, wanangu, ni hili: semeni kweli, heshimuni wakubwa, wala msimdanganye mtu kwa ajili ya chakula. Bi Sange hakufanya hata moja katika hayo, na adhabu aliyoipata ni kushiba na kuamkiwa na Tembo kila asubuhi. Msimuige, labda muwe na njaa.

Yangu yameishia hapo. Anayeutaka ukweli akautazame kwenye kamba ya nguo, nadhani umeshakauka.