Hodi ya Ghorofa ya Sita

Hapo zamani, si ile ya majini, ni hii ya juzi watu walipoanza kuishi juu ya vichwa vya wenzao bila kujuana majina, palikuwa na mjane mmoja wa Upanga, Bi Siwema. Ghorofani alipohamia aliitwa "yule mama wa chini". Hilo lilimuuma kuliko magoti.

Ramadhani ikaingia. Kwao Siwema, sahani ya futari sharti ivuke kizingiti cha jirani. Akapika tambi, akashika ngazi. Zamoyoni, binti mmoja mpiga sinema, akaomba kumfuata na kamera.

"Fuata," akasema Siwema. "Ila usiniambie nicheke. Ngazi hazichekeshi."

Akabisha. Hodi, hodi, hodi! Televisheni ndani inacheka, mlango umenuna. Akapanda. Hodi, hodi, hodi! Komeo likasukumwa. Akapanda hadi ghorofa ya sita. Hodi, hodi, hodi! Kimya. Na hodi ya nne ni ugomvi. Siwema akashuka na sahani yake, shingo juu.

Zamoyoni hakumfuata. Kamera ikabaki inautazama mlango. Mara ukafunguka, akatoka Kihampa, karani mstaafu, vifungo vya shati vimekosana.

"Karibu," akasema. Hapana mtu. Akapaza sauti ngazini: "Mama! Karibu! Nilikuwa natafuta shati! Tangu nihamie sijapigiwa hodi!"

Siwema akapanda tena. Wakala pamoja, Kihampa na Ukristo wake. Tambi hazikuuliza dini.

Sinema ikatoka: milango mitupu na hodi, bila maelezo, bila muziki. Ukumbi ukacheka. Kihampa alipotokeza, ukanyamaza. Ikashinda kwenye tamasha la sinema. Kikombe kimoja, nafasi ya kuchonga jina moja.

Zamoyoni akasema, "Bibi, ningekufuata wewe, mlango ungefunguka bila shahidi. Wewe ulikata tamaa, mimi nikangoja."

Kihampa akasema, "Mji mzima umeniona mpweke, shati upande. Nani mwingine hapa ameanika aibu yake?"

Siwema akajifunga kanga vizuri. "Bila hodi yangu, wewe binti ungepiga picha ya mbao, na wewe bwana ungekuwa kifua wazi mpaka leo. Mimi si mama wa chini. Mimi ni Siwema binti Mfaume. Jina lichongwe zima!"

Haya, msitazamane. Kikombe ni kimoja na fundi anangoja. Je, achonge jina la nani?