Kibuyu cha Zimwi

Sogeeni, wenzangu, niwasimulie. Mbwego, mkata miti, alivunjika mguu. Zimwi likampa kibuyu cha dawa, likamwambia, "Tone moja huondoa maumivu. Mguu ukipona, acha."

Mguu ukapona, lakini kibuyu kikawa kinamnong'oneza kila asubuhi: "Ninywe."

Mkewe, Nakijwa, akamuuliza, "Bado unauma?"

"Bado."

Akauliza tena. "Bado." Mara ya tatu, "Bado."

Siku moja Nakijwa aliungua mkono kwa uji. Akasema, "Mume wangu, nipe tone moja tu." Mbwego akainamisha kibuyu, hakikutoa kitu.

"Mguu ulipona lini?"

"Tangu mavuno," akajibu, macho chini. "Nimeshindwa kuacha. Nisaidie."

Nakijwa, huku akilia kwa uchungu, akamshika kwa mkono uliobaki mzima. Nami hapo nikawaacha.