Nyani Alipogawa Jua

Paukwa!

Pakawa!

Hiyo sauti au kikohozi? Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa mko macho.

Hapo kale, kale ya kina kale, palikuwa na jabali pana. Chini yake mashimo. Shimo la mtu ni lake. Jabali ni la wote. Kukipambazuka, wenye mashimo hupanda, hutandaza matumbo, huota jua. Hiyo ndiyo desturi.

Bi Pimbi alilihitaji jua kuliko wote. Pimbi akiamka ni baridi kama mtungi. Asipoota jua mwili haufunguki, maziwa hayashuki. Naye ana mapacha wachanga shimoni.

Basi jabali likachafuka. Maganda huku, mavi kule. Wakakutana, wakamchagua Nyani awe mwenyekiti.

"Fagia, fukuza nyoka, utuonyeshe pa kunyea." Basi, hayo tu.

Nyani akafagia. Fya! Fya! Jabali likang'aa. Wakamsifu, sifa zikamwingia. Mpe nyani ufagio, ataushika kama fimbo.

Asubuhi moja akasimama juu. "Sikilizeni! Kuanzia leo upande wa jua ni wa wenye mikia. Wasio na mikia, kivulini. Jabali letu lipendeze."

Wakatazamana makalio. Ngiri ana mkia. Mjusi ana mkia, tena mrefu. Bi Pimbi hana.

"Mwenyekiti," akasema, "mkia na jua wapi na wapi?"

"Kanuni, mama."

"Kanuni ni kanuni, shoga," Mjusi akadakia, kajinyoosha juani. "Vumilia."

"Mimi nitavumilia. Maziwa je, yatavumilia?"

Wakacheka. Akashuka kivulini. Kesho yake mapacha wakanyonya, wakaachia, wakalia. Keshokutwa yake hawakulia. Hapo Bi Pimbi akaogopa, maana mtoto anayelia ana nguvu bado.

Nao walioko juani walisahau jambo. Pimbi ndiye aliyekuwa akiwaangalizia anga. Akiona mwewe, hupiga mluzi. Toka kivulini anga haionekani. Mwewe akaja kimya. Vuu! Mjusi akachomoka, akapona. Mkia ukaenda na mwewe.

Nyani akamtazama, akanyoosha kidole. "Kivulini."

"Mimi? Mimi Mjusi?"

"Kanuni ni kanuni."

Mjusi akashuka, akajibanza kando ya Bi Pimbi. "Shoga, hivi huyu Nyani nani kampa mamlaka haya?"

"Leo ndiyo unauliza? Juzi mdomo uliukalia? Haya, twende tukaulize, kabla hujaganda."

Akawapakia mapacha mgongoni. Wakapanda. Bi Pimbi akaketi upande wa jua, katikati kabisa.

"Shuka!" Nyani akafoka.

"Sishuki. Ukiniambia nisinye hapa, nakwenda unakonionyesha. Kazi hiyo tulikupa. Ukisema nizoe maganda, nazoa. Kugawa jua hatukukupa. Ngiri, wewe ulimpa?"

Ngiri akakuna sikio. "Sikumpa. Nilinyamaza tu."

"Basi nyamaza tena, lakini sogea."

Ngiri akasogea. Mjusi akapenya. Wenye mikia, wasio na mikia, wote wakatandaza matumbo. Nyani akatazama huku, akatazama kule. Hakuna wa kumsaidia kumshusha mtu. Akaokota ufagio. Fya... fya... pole pole, akiwazunguka.

Jua likapanda. Bi Pimbi akahisi maziwa yanashuka. Pacha mmoja akashika titi. Wa pili akakataa, akakataa, kisha akalia kwa hasira.

"Lia, mwanangu," Bi Pimbi akamwambia. "Lia."

Akalia, halafu akashika.

Basi wakubwa kwa wadogo, shikeni hili: mliyempa kazi ya kutunza kilicho cha wote, hamkumpa kiwe chake. Akivuka mpaka kwa jirani, semeni siku hiyo hiyo. Msingoje zamu yenu.

Hadithi yangu imekomea hapo. Aliyesinzia akamuulize mwenziwe.