Kitabu cha Dawa cha Dunia ya Pili

Hapo zamani, bibi yangu hajaota meno wala hajayapoteza, palikuwa na mji ulioitwa Chandani, na mjini humo palikuwa na shule ya elimu ya kumbukumbu pacha. Wanazuoni wake walijua kuwa dunia hii ina ndugu zake wengi, wanafanana kama mapacha, kila mmoja na kasoro yake. Kuna dunia ambamo nazi hazina maji. Kuna dunia ambamo paka ndio wanaofuga watu. Kazi ya wanazuoni ilikuwa moja tu: maandishi yakipotea huku, yatafutwe kule.

Bi Mwanatumu aliandika orodha ya dunia zote. Makame alikuwa msafiri, ndiye aliyevuka mlango wa kwenda huko. Shekue alikuwa mtunza vitabu, kazi yake kuvianika juani kila wiki na kuvifukiza moshi wa mwarobaini, mchwa wasivile. Lakini Shekue alipenda usingizi.

Mwaka mmoja homa ikaingia Chandani, ikawashika watoto. Dawa yake ilikuwa imeandikwa katika kitabu kimoja tu, cha mkunga wa kale. Jumbe wa mji akaagiza kiletwe. Shekue akafungua sanduku, akakuta jalada, na ndani ya jalada udongo mtupu.

"Kitabu kiko wapi?" Jumbe akauliza.

"Kimeliwa, Jumbe," Shekue akajibu, macho chini.

Bi Mwanatumu akajifungia na orodha zake siku nne, hali, halali. Siku ya tano akatoka na karatasi moja. Msafiri wa zamani alikuwa ameandika malalamiko: katika dunia fulani aliamshwa alfajiri na kelele za ufagio wa mtunza vitabu.

"Mtu wa namna hiyo hawaachii mchwa kitabu," akamwambia Makame. "Nenda huko."

Sasa, mlango ule haupitishi kitu ila kilichomo kichwani. Tena kila anayevuka huacha kumbukumbu yake moja, na haichagui yeye.

Makame akavuka. Akamkuta mtunza vitabu anafagia, naye alikuwa Shekue. Sura ile ile, kidevu kile kile, ila macho hayana usingizi. Mchwa walikuwa wamefika huko pia, naye akapigana nao mwezi mzima, kitabu akilala nacho kifuani. Akamsomea Makame mara saba, mpaka Makame akakihifadhi chote kichwani.

"Nikulipe nini, ndugu yangu?" Makame akauliza.

"Utapitishaje malipo mlangoni? Ukifika kwenu, Shekue akumbukwe."

Makame akarudi, akaisema dawa neno kwa neno, ikapikwa, watoto wakapona. Ndipo akaenda nyumbani, akamkuta mwanamke amesimama mlangoni.

"Samahani dada," akasema, "unamtafuta nani hapa?"

Bi Raya, mkewe wa miaka kumi na tisa, akaketi kizingitini akalia. Kisha akainuka akamwandalia chai. Tangu siku hiyo Makame anamchumbia upya, na Bi Raya bado hajakubali.

Jumbe akatangaza zawadi kwa aliyewaokoa watoto: kiti cha mkuu wa shule, mpaka kufa kwake atakayekikalia.

Bi Mwanatumu akasema, "Dunia ni nyingi kuliko mchanga. Bila mimi, Makame angefikia kwa paka."

Makame akasema, "Yeye alikaa na karatasi zake, akainuka mzima. Mimi nimempoteza mke wangu naye yuko mbele yangu."

Shekue akakohoa. "Aliyekiokoa kitabu ni Shekue, na kauli yake ni kwamba Shekue akumbukwe. Hapa Chandani hakuna Shekue mwingine."

Watu wakacheka mpaka wakashika mbavu.

"Na aliyekiacha kikaliwa?" Jumbe akauliza.

"Huyo pia ni mimi. Lakini tangu siku ile sijalala mchana, Jumbe. Vitabu vyote vilivyobaki nimevianika, kimoja kimoja. Mimi na yule wa kule tulipishana kwa hilo tu, na sasa hatupishani."

Kicheko kikakatika. Jumbe akamtazama Bi Mwanatumu na macho yake mekundu. Akamtazama Makame. Akamtazama Shekue na mikono yake inayonuka moshi. Akashindwa kuchagua.

Basi semeni ninyi mlionisikiliza. Kiti ni kimoja: mngemkalisha nani?