Friza ya Mzee Chilewa

"Friza ya kuchunguliwa haigandishi."

Bibi Yudita aliyasema hayo bila kugeuka, mikono yake ikiwa ndani ya beseni la mchicha. Mama Upendo, ambaye alikuwa ameshainuka kwenda kumpigia simu mwanawe aliyeanza kazi ya ufundi umeme mjini, akakaa tena. Tangu asubuhi alikuwa amempigia mara nyingi, hadi kijana mwenyewe akaacha kupokea.

Upendo na binamu yake Elia, waliokuwa wakichambua mchicha pamoja na bibi, wakatazamana.

"Bibi, hiyo nayo ni methali?" Elia akauliza. "Wahenga walikuwa na friza?"

"Wahenga walikuwa watu kama wewe, ila wao walikuwa wanasikiliza," Bibi Yudita akasema. "Methali nyingine zilizaliwa shambani, nyingine vitani. Hii imezaliwa jikoni, tena jikoni kwa jirani yangu, na umeme ulikuwapo. Chambueni, huku mnasikia ilivyozaliwa."

Hapa kwetu Mpunguzi, nje ya mji wa Dodoma, palikuwa na mzee mmoja, Mzee Chilewa, mwenye shamba la zabibu. Mizabibu yake aliipanda mwaka aliozaliwa mwanawe Fidelis, akaitunza kama anavyotunzwa mtoto wa kuombewa. Lakini zabibu zikaja kukosa soko. Wanunuzi walikuja wakati matunda yameshaanza kulegea, wakabeba kwa bei ya kumfariji mfiwa, nyingine zikaozea shambani. Mzee akakamua mvinyo wa nyumbani, akajaza madumu, madumu yakajaa ghalani, na wanywaji ni walewale.

Shemeji yake, Ndahani, kaka wa mkewe, alikuwa na trekta. Kila akipita pale alisimamisha pikipiki yake na kuuliza, "Shemeji, nilete trekta lini? Tung'oe hivi vijiti, tupande alizeti." Mzee akawa anajibu, "Tutaona." Ulipofika mwezi wa Novemba, lile joto la kabla ya mvua likiwa linachemsha hadi maji ya mtungini, mzee akachoka. Akasema sawa, ing'olewe.

Sasa Fidelis alikuwa na mke, anaitwa Sechelela. Binti mdogo, mpole, na mtoto wake Nyemo bado yuko mgongoni. Sechelela alikuwa akienda mjini kwenye masomo ya jioni ya upishi, anarudi na vumbi hadi kwenye kope, na kule alikuwa amejifunza kutengeneza mvinyo wa kugandisha. Unachukua juisi ya tikitimaji na sukari iliyochemshwa, unakamulia ndimu, unatia mvinyo kiasi, unagandisha hadi kesho yake, kisha unasaga kwenye blenda. Inatoka kama theluji ya rangi ya waridi, unakula kwa kijiko. Kwa joto la Dodoma, mtu akionja hiyo anaweza kusahau hata njia ya kwao.

Mkamwana hapeleki neno kwa baba mkwe mwenyewe. Sechelela alimwambia mumewe, mume akampelekea baba. Mzee Chilewa akafikiri, akasema, "Jumapili baada ya misa, jumuiya inasali hapa kwangu, na Ndahani atakuwepo. Awape hicho kitu chake. Wakiipenda, mizabibu inabaki, tutatafuta namna ya kuiuza. Wakiacha bilauri zimejaa, Jumatatu trekta linaingia."

Usiku huo Sechelela alilala akitabasamu. Aliyajua yale madumu yote ghalani, na aliamini kabisa kwamba ndani yake mna ada ya shule ya Nyemo.

Ijumaa asubuhi akachanganya, akajaza mabakuli, akayapanga ndani ya friza. Friza yenyewe ilikuwa ile ya kulala, ya mzee mwenyewe, ndiyo pekee nyumbani. Akafunga kifuniko, akaenda kufua.

Jioni akafungua. Maji.

Hayakuwa hata na ngozi ya barafu juu. Akagusa ukuta wa friza, baridi ipo. Akatazama waya, umechomekwa. Akaonja. Kuonja tu akakunja uso, maana mvinyo ulimpanda hadi puani. Yeye alitia kikombe kimoja kwa vikombe viwili vya juisi, na huu ulikuwa mvinyo uliopitishiwa tikitimaji mlangoni tu. Akajilaumu. Akadhani mtoto alipokuwa akilia alipoteza hesabu. Akamwaga, akaanza upya, tikitimaji jingine, ndimu nyingine, akapanga, akafunga.

Jumamosi asubuhi, maji tena. Na mvinyo ndio umezidi.

Hapo sasa Sechelela akaketi kwenye kigoda, kichwa mikononi. Ndipo wifi yake Mwendi akaingia anapiga miluzi, akafungua friza bila hata salamu, akachota kwa kikombe, akaonja, akalamba midomo, kisha akachukua dumu chini ya meza na kujazia bakuli hadi ukingoni.

"Wifi! Unafanya nini?"

"Naonja," Mwendi akasema, akishangaa kuulizwa. "Na nimejazia, sijala cha mtu."

Sechelela akaelewa. Kwa akina Chilewa, pombe ya wageni ikipikwa, kila wa nyumba anayepita anaonja na kutoa neno. Asiyeonja ameisusa. Na anayeonja anajazia alichopunguza, kwa sababu mtungi wa mgeni hauonekani umepungua. Ni desturi nzuri sana, kwa mtungi. Walichofanya ni kuihamishia kwenye friza. Mwendi alionja. Mama mkwe alionja, tena kila akitoka jikoni na kila akirudi. Yona, ndugu wa Fidelis, alionja kwa sababu alikuwa na joto, na akaacha kifuniko wazi ajipepee. Na wote, kwa uaminifu mkubwa, walijazia mvinyo.

"Jamani, mvinyo mtupu haugandi!" Sechelela akalia. "Na baridi yote inatoka kila mkifungua!"

"Haya, mama, tumesikia," mama mkwe akasema, kwa ile sauti ya mtu ambaye hajasikia. "Lakini mimi nimefungua kidogo tu."

"Mimi sikufungua," Yona akasema. "Nilikuta imefunguliwa."

Unaweza kugombana na watu wa namna hiyo? Sechelela akamwaga tena. Tikitimaji la mwisho akalipata kwa jirani, hapa hapa kwangu. Akachanganya mchana ule wa Jumamosi huku anasema peke yake, akapanga mabakuli, akafunga kifuniko. Kisha akatandika kanga juu ya friza, akapanda, akakaa hapo juu na mtoto wake anamnyonyesha.

Mwendi alikuja na kikombe, akakuta miguu inaning'inia, akarudi. Yona alikuja, akasema anatafuta kibiriti. Mama mkwe alikuja, akatazama, akacheka, "Mwanamke huyu anaatamia!" Akaondoka.

Akaja wa mwisho. Mzee Chilewa mwenyewe, na bilauri mkononi.

Sechelela akashuka mbio, akapiga goti. Angefanyaje? Baba mkwe hasemeshwi mtu akiwa amekaa juu ya friza yake.

"Endelea tu na mtoto, mama," mzee akasema bila kumtazama usoni. Akaisogeza kanga pembeni. "Ninaonja kidogo tu."

Mkono wake ukashika kifuniko. Na Sechelela, kwa namna ule mkono ulivyokijua kishikio, akatambua kwamba si mara ya kwanza. Huyu ndiye aliyefungua kuliko wote, na kuna uwezekano hata usiku alifungua. Maneno yakamjaa mdomoni. Mwendi na Yona aliweza kuwakemea, hata mama mkwe aliweza kumlilia. Lakini huyu? Utamwambia nini mtu ambaye hata jina lake hulitaji?

Akamgeukia mtoto. Akamshika kidevu.

"Nyemo mwanangu," akasema, "wewe ukikua uje ujue kitu kimoja. Mama yako amesaga, amechanganya, amekesha. Lakini mwanangu, friza ya kuchunguliwa haigandishi."



Mzee Chilewa hakukiachia kifuniko mara moja. Kilikuwa kimeshainuka, ule moshi mweupe wa baridi umeanza kumwagikia miguuni mwake. Akautazama moshi. Kisha akakishusha taratibu, akairudisha kanga mahali pake, akainyoosha pembe zote.

"Nyemo," naye akamwambia mtoto, "mwambie mama yako kwamba babu amesikia. Mwambie babu hakuwa na kiu. Babu alitaka kujua kama mizabibu inabaki. Nikilala nalisikia lile trekta, naamka kuja kuangalia."

Sechelela akainamisha kichwa. Hasira yote iliyokuwa imemkaba ikashuka, ikawa kama imekosa pa kukaa. Kumbe muda wote huo mzee alikuwa upande wake.

Mzee akaenda kuchukua kiti chake cha uvivu, akakiweka mbele ya friza, akaketi na fimbo magotini. Jioni mama mkwe alipochungulia mlangoni na kikombe chake, fimbo ikainuka.

"Mama Fidelis, rudi. Friza ya kuchunguliwa haigandishi."

"Wewe unayesema! Si wewe uliyekuwa hapa jana mchana na usiku?"

"Ndiyo maana ninajua," mzee akasema.

Jumapili sala ikaisha, jua likiwa utosini mwa watu. Mabakuli yakatoka kwenye friza magumu kama matofali. Sechelela alipoligonga moja kwa kijiko likalia ko, machozi yakamtoka, akayafuta kwa bega maana mikono ilikuwa kazini. Blenda ikanguruma, bilauri zikajazwa, zikapelekwa uani.

Ndahani alianza kwa kunusa. "Hii tunakunywa au tunakula?" Akapewa kijiko. Kijiko cha kwanza akafumba macho. Cha pili kikafuata upesi. Uani kote yakabaki makelele ya vijiko vinakwangua bilauri, na mama mmoja wa jumuiya anauliza kama anaweza kumpelekea mumewe aliyebaki nyumbani. Ndahani akanyoosha bilauri tupu.

"Ongeza," akasema. Halafu, mazoea ni mabaya, akageuka. "Lakini shemeji, watu kupenda leo si kununua kesho. Na kama hainunuliwi? Sasa trekta nilete lini? Mwezi ujao? Nije baada ya Krismasi nione mmefikia wapi? Au niwe napita kila Jumamosi?"

Mzee Chilewa alimtazama mkamwana wake, aliyekuwa amesimama na sinia. Kisha akayatazama mashina yake nyuma ya ua, yameanza kuchipua.

"Shemeji," akasema, "friza ya kuchunguliwa haigandishi."

Ua mzima ukaangua kicheko, Mwendi na Yona wakicheka kuliko wote, kwa kuwa walijua wanachochekea. Ndahani naye akacheka, akamezea neno lake kwa kijiko. Trekta halikuingia Jumatatu, wala Jumatatu nyingine yoyote. Na ule msemo ukatoka pale uani na wageni, kila mmoja akaupeleka kwake.

Bibi Yudita akakung'uta mchicha wa mwisho. Juu ya meza simu ilikuwa bado imelala kifudifudi, na Mama Upendo alikuwa ameuelekeza mkono kule taratibu, kama asiyeujua mkono wenyewe.

"Mama," Upendo akasema kwa upole, akichukua kanga ya bibi na kuifunika simu, akainyoosha pembe zote. "Friza ya kuchunguliwa haigandishi."