Kindi, Nyani na Nyoka wa Mkuyuni

Mwaka ule mvua ilisahau njia ya bondeni, na mto ukabaki kidimbwi kimoja cha tope. Kando ya kidimbwi hicho ulisimama mkuyu, mti pekee uliokuwa bado na matunda. Wanyama wote waliutegemea: wa kupanda walipanda, wa chini waliokota.

Asubuhi moja Nyani alishuka mtini mbiombio akipiga kelele. "Jamani, Hongo! Yule nyoka wa sumu kali amehamia mkuyuni! Akikuuma, hufiki hata hapo kidimbwini!"

Wanyama walipotazama juu wakaona kweli: nyoka mwembamba, kijani kibichi, anateleza kati ya majani. Hakuna aliyebaki chini ya mti. Hata Simba, mfalme asiyekiri kuogopa, alisema amekumbuka shughuli fulani mlimani.

"Msihofu," Nyani akasema. "Babu yangu aliniachia dawa ya nyoka. Nitapanda peke yangu, niwaangushie."

Basi kila siku Nyani akapanda. Kuyu zilizoiva alizila mwenyewe, akawaangushia mbichi na zilizooza. Tumbo lake likawa kama ngoma. Ya wenzake yakashikana na migongo.

Kindi alikuwa na watoto wachanga, na maziwa yalianza kumkauka. Hofu alikuwa nayo, lakini njaa ya wanawe iliizidi. Akajibanza kwenye kichaka cha jirani, akamtazama yule nyoka.

Mama yake alimfundisha kwamba Hongo hukaa juu mtini ametulia tuli, akivizia ndege, na ndege wakimwona humzomea mpaka msitu mzima ujue. Huyu alishinda akishuka kidimbwini kukamata vyura, akiogelea kama samaki. Ndege shorewanda walikuwa na kiota tawi la pili, wakiimba bila wasiwasi. Tena kichwa cha nyoka huyu hakikuwa kirefu kama cha Hongo. Kilikuwa kifupi, na macho makubwa ya duara. Tawi likitikisika kidogo tu, mbio!

"Huyu ni Ukukwi, nyoka asiye na sumu," Kindi akajisemea. "Lakini nikikosea, wanangu ni yatima."

Akapanda. Nyoka alipomwona akajificha nyuma ya jani. "Tafadhali, dada, usinile!"

Kindi nusura aanguke kwa kicheko. "Mimi nikule wewe? Kwani wewe si Hongo?"

"Hongo? Yuko wapi?" Nyoka akageuka huku na huku akitetemeka. "Mimi Ukukwi, dada, sumu sina. Nimefuata vyura, maana kwetu maji yamekwisha. Nyani ananijua vizuri! Kila asubuhi huniambia nijitandaze juani, wenzake wausifu uzuri wangu."

Kindi akashuka, akaenda moja kwa moja kwa Simba, akamleta hadi kidimbwini, akamweleza yote mbele ya wanyama.

Nyani akacheka. "Mfalme, unamsikiliza mwenye njaa? Kama si Hongo, amwite hapa!"

Kindi akamwita. Ukukwi akashuka kwa haya, akampitia Kindi mgongoni, kisha alipokutana na macho ya Simba akatumbukia kidimbwini, chubwi! Kindi akabaki amesimama pale pale, mzima, manyoya ya mkia yamemtutumka.

Simba akanguruma. "Kwa hiyo mimi nilimkimbia mla vyura?"

Nyani akaruka kudaka tawi. Lakini Fisi, ambaye hakuwa amesikia neno hata moja la kesi ile kwa kuutazama mkia wa Nyani ulivyonona, akaung'ata. Nyani akapiga yowe, akavuta, akaponyoka. Mkia ukapinda, na mpaka leo umepinda. Akatokomea nyikani, na huko hakukuwa na kuyu.

Siku hiyo wanyama walikula hadi wakaimba. Kindi akawarudia wanawe, na walipokwisha kunyonya akawaambia, "Hongo yupo, wanangu, msije mkadanganyika. Ndege wakiuzomea mti, msiukaribie. Lakini mwenzenu akiwatisha ili ashibe, tazameni kwa macho yenu wenyewe."

Njia ya mwongo ni fupi.